Pantaleo Jilala, Aliyetusemea Mikutanoni

Ndugu waombolezaji, marehemu Pantaleo Bujiku Jilala alizaliwa Songwa, wilayani Kishapu, tarehe 14 Agosti 1968, akiwa mtoto wa nne wa mzee Bujiku, mfugaji na mkulima wa pamba, akasoma shule ya msingi kuanzia mwaka 1977 hadi 1983, na huko ndiko ulikoanzia ubishi wake, maana walimu walimchapa kwa maswali mengi na yeye hakuacha kuuliza.

Mwaka 1994 alihamia huku Geita kuchimba dhahabu, vumbi la duarani, yaani ndani ya shimo la kuchimbia, likamsumbua kifua, akaachana na sululu akaanza kuendesha karasha, mashine ya kusaga mawe, kazi aliyoifanya mpaka mwisho. Tarehe 6 Julai 1996 alifunga ndoa na Melania, wakajaliwa watoto watatu, Noela, Abel na Hosiana.

Wengi mtamkumbuka kwa mikutano ya kijiji. Kila mkutano ulipokaribia alizima karasha mchana akawahimiza wachimbaji wahudhurie, nao wakamtania kwamba yeye si ataenda, basi atawasemea, na kweli alikwenda akawasemea, visima, barabara, ushuru, miaka nenda miaka rudi. Lakini mwaka 2021, kijiji kilipotakiwa kuridhia eneo la zahanati, sauti ya mtu mmoja haikutosha, ilitakiwa akidi, na watu wale wale wasiokosa msiba hata mvua inyeshe hawakufika, mkutano ukaahirishwa mara tatu, zahanati ikajengwa kijiji kingine. Ilimuuma sana, ila hakutulaumu, alimwambia mkewe, "Kosa ni langu, Mama Noela. Nimekuwa mdomo wa watu wenye midomo yao."

Machi 2025 alianza kusumbuliwa na presha, na asubuhi ya tarehe 9 Juni alianguka karashani, kijana wetu Davis akampakia kwenye bodaboda kumkimbiza hospitali ya mjini, akakata roho njiani kabla hawajaifikia lami. Inauma kulisema hili mbele ya jeneza lake, lakini zahanati ingekuwa hapa, pengine leo tungekuwa makazini.

Familia inawashukuru madaktari waliomtibu tangu Machi, Davis, majirani mliochanga na kupika, na wenzake wa karashani. Inawakumbusha pia kwamba mkutano wa kijiji ni Jumamosi, saa nne asubuhi, na Pantaleo hatakuwepo.

Pumzika kwa amani, Baba Noela, umetusemea vya kutosha.