Fainali ya Kumi

SAIDI: Haloo? Haloo, Mboje? Unanipata?

MBOJE: Nani mwenzangu? Kuna upepo huku. Taja jina.

SAIDI: Ni mimi Saidi. Refa Saidi, wa Bariadi, wa duka la spea.

MBOJE: Refa. Mwadila.

SAIDI: Mwadila, mdogo wangu. Mhola, kwema?

MBOJE: Mhola ya wapi leo, kaka Saidi? Sema ulilopigia.

SAIDI: Uko wapi kwanza?

MBOJE: Lamadi, kituo cha mafuta. Pikipiki nne, watu nane. Tangu tutoke Kalemela hatujasimama hata kukojoa.

SAIDI: Na mmebeba nini?

MBOJE: Unajua tulichobeba. Mapanga mengine yamenolewa leo, la baba ninalo mimi. Niambie kitu kimoja tu. Mayige amelazwa wodi ya ngapi?

SAIDI: Tulia, Mboje—

MBOJE: Nimeuliza wodi.

SAIDI: Nani kakwambia ni Mayige?

MBOJE: Deogratias katuma sauti kwenye grupu la wakongwe wa mpira wa kikapu. Anasema uliwapakia kaka yangu na Mayige asubuhi kwenda Nkoma kufungua uwanja wa shule. Wakati wa kurudi wakabishana fainali zao, Mayige akampiga kaka mpaka akalala, na wote wawili wako hospitali Bariadi. Ni uongo?

SAIDI: Si uongo. Ila si ukweli wote—

MBOJE: Kama si uongo, imetosha. Oya, jaza mpaka juu—

SAIDI: Nisikilize. Deogratias hakuwepo. Mimi nilikuwepo, gari lilikuwa langu. Nimebakiwa na dakika chache kwenye simu hii. Nipe hizo, halafu utaamua mwenyewe kama mwanaume.

MBOJE: Tangi likijaa tunaondoka.

SAIDI: Haya. Aliyewaalika ni mwalimu Gloria, wa michezo pale shuleni. Alitaka watoto wawaone magwiji kwa macho. Kaka yako akavaa jezi yake ya njano, ile namba kumi na moja, imembana tumbo mpaka namba zimetanuka. Mayige akamcheka kuanzia hapa dukani hadi Nkoma. Anamwambia, mwaka huu pamba umeiuza au umeila? Walikuwa wanataniana vizuri, Mboje, naapa. Walikuwa na raha zao.

MBOJE: Ikaharibikia wapi?

SAIDI: Kwa mwalimu. Kasimama mbele ya watoto na karatasi yake. Kasoma kwamba huyu Mayige kacheza fainali tano, kachukua makombe matano, hajapoteza hata moja. Na huyu Januarius kafika fainali tisa, kachukua manne. Halafu akauliza, haya wanangu, mkubwa nani? Nendeni mkasimame upande wake. Sisi tena, kila kitu tunakifanya kama mashindano ya ngoma ya Bagika na Bagalu, mwenye watu wengi ndiye kashinda. Watoto wote wakakimbilia kwa Mayige. Kwa kaka yako akabaki mmoja, na huyo nadhani alichelewa kuinuka.

MBOJE: Fainali tisa. Tisa! Na timu ya wakulima watupu—

SAIDI: Ndiyo aliyoyasema. Njia nzima. Kwamba Mayige alichezea timu ya kiwanda cha pamba, wanalishwa nyama, wanapewa viatu kila msimu, na yeye alikuwa anatoka kwenye palizi anaingia uwanjani na tope miguuni. Akasema, mimi mtoano nimeuvuka mara tisa. Wewe ile miaka minne uliyotolewa robo fainali, mbona huihesabu? Mtu aliyetolewa mapema ndiye anajisifu hajapoteza fainali?

MBOJE: Hapo alimpata.

SAIDI: Mayige naye unamjua mdomo. Akamwambia, ukienda harusini mara tisa ukaoa mara nne, zile tano nyingine ulikuwa mpiga picha.

MBOJE: [anacheka kidogo, anaacha] Mdomo huohuo ndio nitakaoanza nao.

SAIDI: Mimi nilicheka. Kaka yako hakucheka. Tumepita kama vijiji viwili, ndipo akasema, na ile ya tano si yako. Unaijua ile ya tano.

MBOJE: Nani asiyeijua? Hapohapo Bariadi, watu wamepanda mpaka juu ya malori ya pamba. Zimebaki sekunde mbili, timu ya kaka iko nyuma pointi moja. Kaka akaruka, Mayige akamchapa mkono. Kila mwenye macho aliona. Filimbi haikulia.

SAIDI: Haikulia.

MBOJE: Refa ulikuwa wewe.

SAIDI: Nilikuwa mimi. Basi Mayige akanigeukia pale kwenye gari. Akasema, Refa si huyu hapa? Mwambie, ilikuwa faulo au haikuwa?

MBOJE: Ukasemaje?

SAIDI: Nilikuwa naendesha. Ile barabara unaijua, makorongo—[mkwaruzo]—na ng'ombe wa watu—

MBOJE: Ukasemaje, Saidi?

SAIDI: Sikusema kitu. Na tairi la nyuma likapasuka, tukashuka. Hatujatoa hata jeki, kaka yako kamkamata Mayige shati. Mayige akampiga ngumi ya mdomo. Moja. Hiyo ndiyo ngumi anayoitangaza Deogratias. Jino likatoka, likanasa kwenye jezi na damu yake. Kaka yako akaokota spana ya tairi, ile ndefu, na Mayige kuiona akaingia kwenye pamba mbio. Watu wazima wana miaka arobaini na tano, wanakimbizana kwenye shamba la watu saa saba mchana.

MBOJE: Kaka alikuwa anamfukuza yeye?

SAIDI: Yeye anamfukuza. Kisha filimbi ikalia.

MBOJE: Filimbi gani?

SAIDI: Filimbi. Mboje, kijiji kile juzi wameibiwa maksai, jozi mbili. Sungusungu wao walikuwa hawajalala siku ya tatu. Na huko filimbi ina maana moja tu, mwizi. Ikilia huulizi. Unatoka na ulichonacho, na asiyetoka anahesabiwa yuko na wezi. Mama mmoja akapiga mwano, mwingine akaupokea kule kilimani, yowe likatembea mpaka nikasikia baridi kwenye jua lile. Walitoka kila upande. Marungu, majembe, mishale. Wakakuta mtu mgeni, mdomo unavuja damu, chuma mkononi, anakimbia.

MBOJE: Kaka.

SAIDI: Rungu la kwanza lilimpata gotini. Nililisikia nikiwa barabarani. Akaenda chini. La pili likauvunja mkono.

MBOJE: Mkono upi?

SAIDI: Wa kulia.

MBOJE: Wa kurushia.

SAIDI: Huohuo. Wakamzunguka wakawa wanapiga kama wanapura mtama, kwa zamu, huyu akishusha yule anainua. Akawa anataja jina lake. Mimi Januarius, mimi ni mchezaji, niulizeni. Na kila akitaja jina, wanalipiga jina kwenye meno. Jembe likampata kichwani hapa, juu ya sikio. Nilikuwa nakimbia napiga kelele ndugu zangu si mwizi, wakanisukuma nikaanguka, mmoja akanikanyaga shingo.

MBOJE: Na Mayige wenu huyo? Alishakimbia.

SAIDI: Alishafika mbali. Mbele yake palikuwa na mtama mrefu, hatua kumi tu wangemtafuta mpaka kesho. Akageuka, Mboje. Alirudi mbio akapita katikati yao na kiwiliwili kile, akamlalia kaka yako juu. Wakahamia kwake. Mbavu, mgongo, kisogo. Panga likamfungua bega, nikaona nyama nyeupe kabla damu haijaja. Hakutoka. Nilikuwa chini, usawa wao, nilimsikia kwa masikio haya. Alimwambia, "Umefika mara tisa, Januarius. Fika na ya kumi. Hii fika, kombe nakuachia."

[kimya]

SAIDI: Upo?

MBOJE: Nipo. [pembeni] Zimeni hizo pikipiki. Nimesema zimeni. [kwenye simu] Endelea.

SAIDI: Aliyewaokoa ni mwalimu Gloria. Mwano ulimfikia shuleni, akapanda bodaboda akaufuata. Akawataja wote wawili kwa majina. Marungu yakaanguka. Mzee mmoja akakaa chini akalia, anasema Januarius alimwona fainali ya Shinyanga, alimpigia makofi mpaka mikono ikamvimba. Na walewale waliompiga ndio walionifungia tairi.

MBOJE: Kaka anaongea?

SAIDI: Tukamlaza nyuma ya gari. Mayige akakaa sakafuni, damu zake mwenyewe zinatiririka, kamshika ule mkono mzima, wa kushoto.

MBOJE: Nimeuliza, anaongea?

SAIDI: Njiani, pale Lagangabilili, aliomba maji.

MBOJE: Na Bariadi?

SAIDI: [mkwaruzo]

MBOJE: Saidi. Bariadi alifika?

SAIDI: Kufika tulifika. Pale getini manesi wakawa wanamwambia Mayige, mwachie, mzee wetu, mwachie sasa. Na yeye hataki kuuachia ule mkono.

MBOJE: Mama kaambiwa?

SAIDI: Bado. Hospitali yupo shemeji yako Apolonia. Wamemkabidhi jezi kwenye mfuko, kaikumbatia, haongei na mtu.

MBOJE: Kaka yangu mimi. Kaka yangu aliyenisomesha kwa pamba.

SAIDI: Mboje, ndiyo maana nimekupigia kabla hujafika Bariadi. Yule ana nyuzi mgongo mzima. Alikuwa ameshanusurika, akarudi kufa na ndugu yako. Ukimgusa, Januarius atakukataa huko aliko.

MBOJE: Mayige haguswi. Nimekuelewa.

SAIDI: Allah akulipe. Basi rudisheni mapanga, mje kwenye msiba kama—

MBOJE: Filimbi alipuliza nani?

SAIDI: Haloo? Mtandao naona una—

MBOJE: Mtandao uko safi. Kaka anakimbia, Mayige anakimbia. Barabarani alibaki nani?

SAIDI: Mdogo wangu—

MBOJE: Huwa unaivaa shingoni. Hata dukani huwa unayo, na funguo.

SAIDI: Miaka ishirini na miwili, Mboje. Watu wakishikana, mkono unaipeleka mdomoni wenyewe. Niliona spana, nikaona atamuua mwenzake. Nikapuliza kama ninavyopuliza uwanjani, mbili kali. Wallahi nilitaka wasimame tu. Sisi wa mjini, mambo ya maksai yao ningeyajulia wapi?

MBOJE: Ukapuliza.

SAIDI: Nikapuliza. Na niliposikia mwano ndipo nikajua nimefanya nini, na filimbi ilikuwa bado mdomoni.

MBOJE: Na ile ya tano?

SAIDI: Mboje, mambo ya miaka kumi na moja—

MBOJE: Alikuuliza kwenye gari ukanyamaza. Mimi ndiye ninayekuuliza sasa.

SAIDI: Ilikuwa faulo. Niliona mkono juu ya mkono, kama ninavyouona huu wangu. Uwanja wote ulikuwa wa watu wa kiwandani, wamekunywa, nikaogopa sitatoka pale mzima. Nikasema moyoni, mpira utaisha, watasahau.

MBOJE: Angepata mitupo huru miwili.

SAIDI: Miwili.

MBOJE: Kaka kwenye fainali hakuwahi kukosa mtupo huru.

SAIDI: Hata mmoja. Mimi ndiye niliyekuwa nampa mpira, najua.

MBOJE: Basi ni yeye mwenye matano. Mayige ana manne, na amefungwa fainali moja kama watu wengine.

SAIDI: Ndiyo.

MBOJE: Na kaka amekufa ana hesabu ya manne, watoto wa Nkoma wamemkimbia. Ulipotakiwa kupuliza ulinyamaza. Ulipotakiwa kunyamaza ukapuliza.

SAIDI: [mlio] Mboje, simu inalia, zimebaki sekunde—

MBOJE: Uko wapi sasa hivi?

SAIDI: Dukani. Ningeweza kukudanganya nimekimbilia Mwanza. Niko dukani.

MBOJE: Kaa hapohapo. [pembeni] Washeni. Hospitali hatuendi. Tunakwenda duka la spea, nyuma ya stendi.

SAIDI: Na Mayige? Umeniahidi kuhusu—

MBOJE: Mayige atabeba jeneza, mbele, upande wa kulia. Wewe hutabeba.

SAIDI: Sawa, mdogo wangu. Sawa.

MBOJE: Na ukisikia pikipiki, Saidi, usipulize.

SAIDI: Sipulizi. [mlio] Mboje? Haloo? Imekatika. Maua. Maua mke wangu, njoo. Chukua watoto mwende kwa mama Anifa, pitieni uani. Hapana, mlango wa mbele usifunge. Uache hivyohivyo.