Mfagizi wa Zahanati Anayeunga Mifupa

Risala ya wanakijiji wa Nyamalala, Usangu, iliyosomwa na Ndugu Kalista siku ya kufungua chumba cha pili cha zahanati, 1976

Mgeni rasmi, ndugu yetu kutoka Wizara ya Afya; viongozi wa TANU; wananchi wenzetu:

KARIBU

Pole kwa njia. Vumbi la kutoka Igawa tunaliona mpaka kwenye kope zako. Chumba unachotufungulia leo tumekijenga kwa mikono yetu. Matofali tumefyatua wake kwa waume, na waliosingizia mgongo tunawafahamu.

TULIKOTOKA

Hapa ni kwa Wasangu, na sisi wengine tulitoka Usukuma tukifuata malisho. Penye ng'ombe hapakosi mifupa iliyovunjika. Tulipoletewa tabibu, Ndugu Edmund, kijana wa Mlandege mwenye cheti chake safi, kila aliyevunjika alimpandisha lori la kwenda Mbeya. Nasi tulimshusha njiani, tukampeleka kwa Bibi Ng'washi, muungaji wetu wa mifupa.

Edmund alipogundua hakununa. Alimfuata bibi nyumbani.

"Shikamoo, bibi. Njoo tutibu pamoja. Mimi nitulize maumivu, wewe uunge."

"Marahaba, ng'wanawane, mwanangu. Nitakuja, ingawa chumba chako kinanuka."

Tukaomba aajiriwe. Tukaambiwa kazi ya kutibu serikalini inataka cheti cha chuo kinachotambulika. Bibi alifundishwa na baba yake, na baba hakuwa na muhuri. Kazi pekee isiyodai cheti ilikuwa ya ufagizi. Tukamwandikisha mfagizi, tukajiona wajanja.

TUNACHOJIVUNIA

Kumbe hatukumjua. Bibi Ng'washi alifagia kweli! Alisema hawezi kula mshahara wa ufagio asioushika. Alfajiri yumo uwanjani, na mgonjwa asubiri. Shija alipoanguka kwenye mkokoteni aliletwa akipiga yowe:

"Bibi, nakufa!"

"Hufi. Anayekufa hapigi kelele hivyo. Ngoja nimalize uwanja."

Alimaliza, akanawa, akamuunga. Shija ndiye aliyeongoza ngoma uliyoiona sasa hivi. Utuambie mguu uliovunjika ni upi.

Lakini fahari yetu kubwa ni siku ambayo bibi alikataa. Nkuba, mtoto wa mwenyekiti wetu Budeba, alivunjika mfupa ukatokeza nje ya ngozi. Budeba alimpigia magoti.

"Mama, tegemeo langu ni wewe."

"Huu si wangu," bibi alisema. "Mfupa ukishaona jua ni wa hospitali. Leteni lori, na Edmund apande naye."

Budeba alimnunia wiki nzima. Leo Nkuba anachunga. Sisi tunasema mtu anayejua kazi yake inaishia wapi ana sifa za kazi hiyo.

KINACHOTUSIBU

Mwaka huu tumeambiwa Bibi Ng'washi amezeeka, hafai tena kufagia, na nafasi yake apewe mwenye nguvu. Wa kufagia atapatikana hata kesho. Wa kuunga hatuna mwingine.

Jana kwenye mkutano tulikubaliana habari ya ufagio tuifunike. Bibi akasimama. "Mkimficha mgeni, basi nimekuwa mwizi miaka yote hii. Semeni." Tuliona haya, wazee wazima. Ndiyo maana tunasema, na lawama ni yetu, si yake wala ya Edmund.

OMBI LETU

Hatuombi sheria ilegezwe. Waganga waongo wapo, tunawajua, wengine ni shemeji zetu. Tunaomba sheria iwe na mtihani ambao mtu kama bibi anaweza kuufanya: aunge mfupa mbele ya madaktari wenu, aulizwe na upi si wake. Akishindwa, tutamrudisha nyumbani wenyewe, kwa uchungu. Akishinda, aandikwe kwa kazi anayoifanya.

Mtihani huo utachukua muda, tunaelewa. Lakini lipo jambo tunaloomba lijibiwe leo. Bibi Ng'washi ndiye yule aliyeketi mbele, mwenye kitenge cha kijani. Ndani amelala mama Tekla, mkono umevunjika. Edmund na bibi wamekubaliana uvimbe ushuke kwanza, aungwe kesho alfajiri. Mgeni rasmi, mwambie bibi kwa kinywa chako, sote tukisikia: kesho aanze na uwanja, au aanze na mama Tekla?

Mungu akufikishe kwako na mifupa yako yote.

Ni sisi,
Wanakijiji wa Nyamalala