Jumwa, Binti wa Siku ya Kulaza Jembe

Nani kati yenu amepata kumtuma mkewe kulima siku ya Jumwa? Msitazamane, swali ni la marehemu mwenyewe, Jumwa Kahindi, mke wa Kitsao, aliliuliza mpaka pumzi zikamwishia, kwa hiyo leo tutaanza nalo, na waliokuja kusikia tu kwamba alikuwa mpole na mcheshi watuwie radhi.

Marehemu alizaliwa tarehe 12 Aprili 1951, Kaloleni, mtoto wa pekee wa Kache na Mzee Kahindi, ambaye ameketi hapa mbele. Kwa msiojua, wiki ya jadi ya Wagiriama ina siku nne, na mojawapo ni Jumwa, siku ya mapumziko, jembe haligusi udongo, na msichana akizaliwa siku hiyo huitwa jina hilo. Miaka yote mmeambiwa jina lake lina maana ya raha na baraka, hata harusini kwake lilifasiriwa hivyo kwa kipaza sauti. Uongo mtupu.

Siku ile ya Aprili, iliyokuwa Jumwa, Kache, mimba ikiwa pevu, alikuwa akilima. Uchungu ukamshika kondeni, akajifungua kwa shida, na kabla ya jua kutua akafariki. Ikasemwa amejitakia kwa kuvunja mwiko, akazikwa nje ya boma bila matanga. Nyanya, mamake Mzee Kahindi, akambeba mtoto, akakataa kila jina la ukoo, akasema, "Ataitwa Jumwa, ili kila mkimwita mkumbuke." Wengi walidhani anamlaumu Kache.

Alisoma shule ya misheni hadi mwaka 1965, akiitwa mtoto wa mvunja mwiko, na Januari 1970 aliajiriwa Bondeni, Mombasa, katika kiwanda cha chapa cha Bwana Jaffar, akifunga kalenda za ukutani za maduka ya Ndia Kuu, maelfu kwa maelfu, na siku yake haimo hata katika moja. Bwana Jaffar alimtania, "Binti yangu, nikikuongezea siku yako wateja watadai mwaka umerefuka," naye akijibu, "Basi punguza Jumatatu, hakuna atakayelia."

Tarehe 14 Desemba 1974 alifunga ndoa na Kitsao, karani wa bandari, wakahamia Buxton, wakajaliwa watoto wawili, Naomi mwaka 1976 na Kiti mwaka 1979. Siku ya Jumwa hakufagia wala kushona, na majirani wakimuuliza alisema mamake anapumzika.

Mwaka 1993 figo zilianza kumsumbua, akaacha kazi, na hapo ndipo Shangazi Sidi, dadake Mzee Kahindi, aliyekuwa kigoli siku ile ya 1951, alipomweleza alichokiona kwa macho yake: Kahindi, mfanyakazi wa reli aliyekuja likizo kutoka Mombasa, alitaka shamba liishe kabla hajarudi kazini, akamlazimisha mkewe, akisema miko ni ya wasiosoma. Yaani asubuhi hakuuamini mwiko, na jioni, maiti imelazwa, akawa muumini kuliko wazee wote.

Jumwa alimwendea babake mara kadhaa. Hakutaka fidia, alitaka aseme mbele za watu, ili Kache asitajwe tena kwa kunong'onezwa. Alijibiwa, "Hayo ni maneno ya wanawake," na Krismasi iliyopita akaletewa mbuzi. Mbuzi!

Alifariki tarehe 3 Septemba 1996, alfajiri, hospitalini hapa kisiwani, bila jibu.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhangaikia, majirani wa Buxton waliopokezana kumpikia chakula kisicho na chumvi na kukila naye bila kukunja uso, na Bwana Jaffar na wenzake wa kiwandani.

Jana mchana, tulipoketi kupanga mazishi, Mzee Kahindi aliagiza historia hii iseme tu kwamba mamake marehemu alifariki akijifungua, basi. Shangazi Sidi akamwambia, "Kaka, miaka yote ulikuwa na mdomo wa kumsema Kache, leo umekwenda likizo?" Hakuna aliyecheka. Mzee akasema kwa sauti iliyofika hadi nje walikokaa wakwe.

Jumwa, pumzika kwa amani, na ukimwona mamako mpe maneno haya kama babako alivyoyatamka, hatukuongeza wala kupunguza: "Kache hakutaka kwenda. Aliniambia, leo ni Jumwa. Jembe nilimtia mkononi mimi."