Kiondo cha Basi la Katangi

Katika basi la Katangi, mama mmoja alikuwa akimlalamikia mzee aliyeketi naye: korti ya rufaa ilikuwa imemwachilia Ngui, jirani aliyemkata panga akamwibia. "Eti jaji anauliza kulikuwa na mwanga gani! Ngui namjua hata akikohoa." Mzee akasema, "Pole sana, mwaitu, mama yetu. Lakini kagiza kalikuwa kameingia, na ulikuwa umeogopa. Macho hukosea." Nikamdharau kimoyomoyo. Mtu akisema anajua, anajua.

Basi likasimama. Nikachukua kiondo changu, nikashuka. "Mwizi!" mama akapiga kelele dirishani. "Hiyo ni kiondo yangu!" Mzee akamwuliza, "Uko na uhakika, mwaitu?"

Nikachungulia ndani ya kiondo, saa sita mchana, jua likiwaka. Mimi nilikuwa nimebeba maembe. Humu kuku alikuwa ananitazama. Nikamwangalia mzee, nikitamani amwulize tena.