Digory Trembath, Mwashi wa Makanisa Matatu

Ndugu waombolezaji, marehemu baba yetu, Digory Trembath, alizaliwa tarehe 3 Machi 1824 huko Redruth, Cornwall, akasoma shule ya Jumapili tu, basi, kisha akashika nyundo ya uashi angali mtoto.

Mwaka 1847 alivuka bahari pamoja na mdogo wake, Jabez, wakafika koloni hili la Australia Kusini likiwa bado changa, wakajichimbia nyumba ukingoni mwa kijito hapa machimboni Wheal Tamsyn, na humo ndimo Wamethodisti wote walimosali, mpaka baba alipojenga kanisa la kwanza, la Wawesley, tawi kuu la Wamethodisti.

Mei 1850 alimwoa mama yetu, marehemu Loveday, tukazaliwa wanne, tumebaki wawili. Mama alikuwa na karama ya kuhubiri, wazee wakamnyima mimbari, baba akawaambia, "Haya, kaeni na mawe yenu," akajenga la pili, la Wakristo wa Biblia, tawi jingine la Wamethodisti, ambao kwao mwanamke huhubiri. Huko nako, mwaka 1862, kikaletwa kinanda, na baba mdogo Jabez, aliyekuwa akianzisha nyimbo kwa sauti yake tu, akafoka, "Hilo sanduku likiingia, mimi natoka!" Likaingia, akatoka, akaacha kusema na baba aliyebaki humo, akahamia kwa Wamethodisti wa Asili, na baba, jamani, akawajengea hao la tatu, akitumaini mdogo wake atamsemesha. Wapi! Miaka kumi na tisa, makanisa matatu barabara moja, salamu hakuna.

Tangu 1879 vumbi la mawe lilimkaa kifuani, akafariki nyumbani Jumanne, tarehe 9 Agosti 1881. Aliniambia, "Nimechoka, Pascoe. Nimejenga kote, na hakuna nilipokaa na mdogo wangu. Msiniingize kanisani, hata moja. Nibebeni kwa mikono, mwimbe njiani kama kwetu Cornwall, na wimbo auanzishe Jabez." Ndiyo maana tumesimama barabarani na baridi hii.

Tunamshukuru daktari wa machimbo, majirani mliotuletea mikate ya nyama, na waashi wenzake mliochonga jiwe la kaburi. Tumechoka sote, asanteni.

Baba mdogo, nakuona umejibanza kule nyuma. Hapa hakuna kinanda. Wabebaji wako tayari, hawainui jeneza mpaka wakusikie. Anza wewe, sisi tutaitikia.

Pumzika sasa, baba, kujenga kumekwisha.