Sabuni Chini ya Meza ya Redio

Zimeni hiyo televisheni. Abigail, mjukuu wangu, weka simu yako hapa karibu na mto irekodi, maana pumzi niliyobakiwa nayo ni ya kusemea, si ya kurudia. Ndeshi, kaa upande huu wa kitanda. Vicent, usisimame mlangoni kama mtu aliyekuja kuulizia nyumba ya jirani. Umeendesha gari kutoka Missouri City mpaka hapa Carrollton, sasa hatua hizi chache ndizo zikushinde? Njoo ukae upande wa pili. Hivyo. Daktari amesema moyo umechoka, na Sabine anayekuja kunihudumia naye ameacha kunidanganya, siku hizi ananishika mkono tu na kuniambia nipumzike. Sina haja ya kudanganywa. Mwili huu ni wangu, naujua.

Kuna jambo moja linalonizuia kwenda, nalo ni ninyi wawili. Hamsemeshani. Tangu ile siku ya kumbukumbu ya baba yenu mnapitisha maneno kwa mtoto: Abigail, mwambie mama yako nimeleta dawa, Abigail, mwambie mjomba wako chakula kiko mezani. Mtoto amegeuka posta. Mwanzoni nilicheka kimoyomoyo, nikasema ni hasira za ndugu, zitapoa. Hazikupoa, na mimi siwezi kufumba macho huku nikijua kwamba nikishazikwa hamtakuwa na sababu tena ya kukaa chumba kimoja.

Abigail, sikiliza, maana hawa hawatakueleza. Siku ile sebule ilijaa Watanzania wa huku na huku, mama yako akamsifu babu yako, akaweka nyimbo za zamani za redio, akapika ugali wa unga ule wa njano tuliouita Yanga. Unga huo tulikuwa tunapewa msaada kutoka huku huku Marekani, na nyumbani kila mtu aliuchukia; mimi niliukuta madukani hapa nikaanza kuutamani, na mpaka leo sijui kwa nini. Watu wakala, wakacheka. Mama yako akasema zamani zile za ujamaa tulikuwa wote sawa, tulipendana, hakuna aliyelala njaa jirani yake ameshiba. Ndipo mjomba wako akaweka sahani chini. Akasema, "Usinisifie shida, dada. Hao unaowasifu ndio waliomfunga baba kwa ajili ya sabuni." Na mama yako akamjibu mbele za watu, "Wewe hata kuzaliwa ulikuwa hujazaliwa, unajua nini?"

Ni neno hilo, Ndeshi. Nilimwona mdogo wako uso ulivyomshuka. Alitoka bila koti, na baridi ya siku ile mnaikumbuka.

Na kutoka hapo ugomvi wenu umehamia kwenye nyumba yetu ya Moshi. Ndeshi anataka chumba cha mbele, alikotengenezea baba yenu redio, kiachwe vilevile na meza yake. Vicent anataka kibomolewe mpaka msingi. Kila mmoja amenijia kwa wakati wake kunivuta upande wake, na mimi nikawa nasema tutaona, tutaona. Leo tuone.

Mwaka jana Abigail alikuja na kazi ya chuo, mwalimu wao amewaambia watafute mzee aliyeishi katika nchi ya namna ile wamuulize maisha ya kila siku yalikuwaje. Nikamweleza. Nikamweleza foleni za sukari, za kibiriti, za kanga, nikamweleza jinsi nilivyofua kwa majani ya mpapai sabuni ilipokosekana, na jinsi ninavyozikumbuka siku hizo. Akanitazama, akaniuliza, "Bibi, why would you miss that?" Kwa nini utamani kitu kama hicho. Nimelala na swali hilo, nimeamka nalo, na nawaambieni kweli, limenipa raha kuliko dawa zote hizi, maana uzeeni watu huwa wanakuuliza umekula nini na umeenda choo, basi. Huyu mtoto aliniuliza jambo ambalo sikulijua.

Nikaanza kujichunguza. Ninakumbuka nini hasa? Sikumbuki sukari, maana mara nyingi tulifika ikawa imekwisha. Nakumbuka mawe. Abigail, watu walikuwa hawawezi kusimama mchana kutwa mbele ya duka la ushirika, wana mashamba na watoto, kwa hiyo kila mtu aliweka jiwe lake kwenye mstari na kwenda zake. Mawe yalipanga foleni yenyewe. Na kila mtu alilijua jiwe la mwenzake, hili la mama mwenye mapacha, hili la fundi viatu, na ole wako ulisogeze. Mama yako alikuwa mlinzi wa mawe. Yeye na watoto wenzake walicheza rede pembeni, na mtu mjanja akijaribu kupenyeza jiwe lake mbele, watoto walipiga kelele mtaa mzima ukasikia. Kwa Ndeshi enzi zile ni hiyo rede. Alikuwa mtoto, alikuwa na kazi ya maana, na watu wazima walimtegemea. Nani asingezikumbuka?

Baba yenu, Elimringi, alikuwa fundi redio. Pesa wakati ule ungeweza kuwa nayo na usipate cha kununua, basi wateja walimlipa kwa walichonacho. Huyu mche wa sabuni, yule betri, mwingine sukari kwenye kikombe. Aliviweka chini ya meza yake ya kazi akavifunika na gunia. Ndipo ikaja ile kampeni ya kuwasaka wahujumu uchumi, watu wakawa wanamwaga bidhaa mitoni usiku kwa woga, na mimi nikamwambia, Elimringi, hizo sabuni. Akasema, "Melania, huu ni mshahara wangu. Mtu hawezi kukamatwa kwa mshahara wake." Akakamatwa. Alikuja balozi wetu wa nyumba kumi, mtu aliyekuwa akisikiliza mpira kwenye redio yetu kila Jumamosi, amefuatana na mgambo, na hakuniangalia usoni. Nilikuwa na mimba yako, Vicent. Ulizaliwa baba yako akiwa ndani, bado hajafikishwa hata mbele ya hakimu. Aliporudi alikukuta unatambaa, ukamkimbia ukalia, ulimwona mgeni.

Nani alimchongea, sijui. Miaka mingi nilikuwa nikikaa kanisani nawapekua majirani kwa macho mmoja mmoja. Nimeacha. Nanyi msiirithi kazi hiyo, mtachoka bure.

Halafu ruksa ya kuingiza bidhaa ikaja, maduka yakajaa, sabuni za kila rangi, na foleni zikafa. Nilifurahi, asikudanganye mtu. Lakini nilishangaa siku moja nikiwa na sukari tele ndani, nikagundua sijui kama mama wa mapacha bado anaumwa mguu. Zamani habari hizo nilizipata nikisubiri. Na balozi yule yule aliyemkamata mume wangu, mkewe ndiye aliyenilindia jiwe wiki nzima niliyojifungua. Mambo hayo mawili niyaweke wapi? Nilishindwa kuyaunganisha, na kwa sababu nilishindwa, Ndeshi nilimsimulia la jiwe, na Vicent alikua akisikia la sabuni kwa wajomba zake. Sikumbagua mtu. Niliona kila mmoja anapenda kusikia lake.

Aliyenifungua macho ni Mhabeshi wa Garland. Mnacheka? Chekeni tu. Ndeshi aliniacha kwenye gari akaingia dukani, nikaona foleni ndefu ng'ambo ya barabara, watu wamevaa shuka nyeupe, wametulia. Mkono ukafungua mlango wenyewe. Sisi tulifundishwa na maisha, ukiona foleni unaunga kwanza, unauliza baadaye, maana ukiuliza kwanza wenzako wanakupita. Nikaunga. Nikasogea nao taratibu huku nikiwaza wanagawa nini, na nimesahau mfuko. Kufika mbele nikakuta kuna mama mzee ameketi, macho yamevimba, na kila mtu anamwinamia. Ilikuwa foleni ya kutoa pole, amefiwa na mumewe. Ningefanyaje? Nikampigia magoti, nikamshika mikono, nikasema pole mama, pole sana, kwa Kiswahili changu, na machozi yakanitoka kwa marehemu nisiyemjua jina. Alinikumbatia hakutaka kuniachia. Ndeshi alinikuta nanyweshwa kahawa.

Yule ndiye Askale. Tumetembeleana tangu hapo, binti yake akitutafsiria, na akichoka kutafsiri tunaelewana hivyo hivyo. Kwao nako palikuwa na duka la mtaa, na foleni, na redio inayohubiri usawa. Siku moja nikamwuliza kama anaikumbuka enzi ile. Akaniambia watawala wa enzi hiyo walimchukua kaka yake mkubwa na hakurudi, hata kaburi hawana. Kisha akaniambia kwamba watu wale wale ndio waliotuma wanafunzi kijijini kwao kuwafundisha kusoma, na kwamba yeye, msichana wa kuchunga mbuzi, aliandika jina lake kwa mara ya kwanza kwa mkaa ukutani, akakesha amekaa akilitazama. Nikamwuliza, sasa unawachukia au unawapenda? Akashangaa swali langu. Akasema, "Ni maisha yangu. Nikikata upande mmoja, nitabaki na nini?" Alilia kwa kaka, akacheka kwa jina ukutani, kikombe chake cha kahawa hata hakijapoa.

Nilirudi nyumbani. Nikawaza, mbona mimi hayo nimeyagawa? Pande zile zilizo ndani ya Askale mmoja, mimi nimewagawia watoto wawili, kila mmoja na wake, na sasa wanapigana, kila mmoja akiutetea upande wake.

Nipe maji kidogo, Ndeshi. Basi. Inatosha.

Sasa huu ndio wosia wangu. Nyumba ya Moshi ni yenu wote wawili, na chumba cha mbele hakibomolewi wala hakiwi makumbusho. Mfungulieni fundi mwingine, kijana yeyote wa kutengeneza simu, atumie meza hiyo afanye kazi, mlango uwe wazi kwa watu. Kanga zangu ni za Abigail. Nikifa nipelekeni nikalale kando ya baba yenu. Mkishindwa, nizikeni hapa hapa wala msigombane, udongo hauniogopeshi. Mwambieni Askale. Msimtumie ujumbe wa simu, nendeni mkamwambie mkiwa mmekaa.

Na kubwa ni hili. Abigail ataolewa, atazaa, na watoto wake watamwuliza kama yeye alivyoniuliza mimi. Ndeshi, habari za foleni na rede na mawe, kuanzia leo si zako kusimulia. Nimempa Vicent. Vicent, habari za baba yako kukamatwa nazo si zako tena, nimempa dada yako. Usinitazame hivyo. Utasema hukuwepo, hujui lolote la mawe. Ndiyo, hujui. Utamwuliza aliyekuwa akiyalinda. Na wewe Ndeshi, asubuhi ile ya kukamatwa kwake uliiona kwa macho yako, ulikuwa umesimama pale uani, na tangu siku hiyo hujaitamka hata mara moja. Ulikimbilia kwenye rede ukabaki huko. Nilijua, mwanangu. Sikukusumbua. Lakini yaliyompata baba yako huko ndani, na kwa nini alirudi hazungumzi, huyajui, maana ulikwenda shule ya bweni. Vicent ndiye aliyekaa naye kwenye meza ile miaka yote akimshikia taa, na baba yenu alimweleza yeye peke yake. Mimi mwenyewe nilisikia vipande tu kupitia dirishani. Kwa hiyo nawe utamwuliza mdogo wako.

Mmeona mlivyo? Hakuna hata mmoja wenu mwenye baba mzima.

Inamisheni vichwa, mikono yangu imekuwa mizito. Karibu zaidi. Mungu awape kutamani kujuana. Awape maswali yasiyo na hasira ndani yake. Watoto wenu waingie nyumbani kwa kila mmoja wenu bila kubisha hodi, na mkono wangu huu ubaki juu ya vichwa vyenu hata nikiwa sipo. Na wewe Abigail, nawe, mjukuu wangu, kazi ya posta nimekuachisha leo.

Nimechoka sasa. Sauti yangu... mnanisikia? Vicent, anza wewe, ndiwe uliyetoka bila koti. Muulize. Usimwambie Abigail. Mtazame dada yako umuulize, chochote kile, kuhusu asubuhi ile, nikiwa bado nasikia. Haidhuru ni kitu kidogo.

Ngoja, msimharakishe.

Eeh. Alikuwa amevaa nini. Nimesikia... Miaka yote hii, hakuna aliyewahi kuuliza hilo. Mjibu, Ndeshi. Lia baadaye. Mjibu mdogo wako taratibu, mwambie baba yake alikuwa amevaa nini.