Vaileth Kweka na Sili wa Majira ya Baridi

Marehemu Vaileth Elirehema Kweka alizaliwa Machame, Kilimanjaro, tarehe 9 Juni 1966, mtoto wa kwanza kati ya watatu. Wasifu huu aliutamka mwenyewe kitandani, binti yake Irene akiandika, na akaagiza usomwe na mdogo wake, Godlisten, si mwingine.

Alisoma Machame na Moshi. Mwaka 1994 alikuja Marekani, akasoma biolojia chuoni Annandale huku akifanya usafi hotelini.

Kuanzia 2001 alifanya kazi na shirika la kutetea wanyama, Washington. Kila Jumamosi ya majira ya baridi aliendesha gari hadi pwani kuhesabu sili, wale wanyama wa baharini wenye masharubu, waliopanda fungu moja la mchanga kupumzika na kuzaa. Aliwahesabu kwa darubini, kwa mbali, na mahali penyewe hakumwambia mtu nje ya shirika, ila mumewe baadaye, maana sili wakishtuliwa huwakanyaga watoto wao wakikimbilia majini.

Alifunga ndoa na Dunstan huko Laurel, Januari 2003. Fungate yenyewe ilikuwa kule pwani, kwenye baridi ile. Dunstan aliwatazama sili, akamimina chai, akauliza kama hao ndio wakwe. Vaileth alicheka hadi hesabu ikampotea.

Februari 2023 alimwonyesha mahali pale mtu wa damu yake, ambaye Vaileth mwenyewe alimlea na kumleta Marekani. Wiki mbili hazikupita, mtu huyo akarudi na mashua ya wageni kumi na wawili kupiga video. Watoto wanne wa sili walikufa. Shirika lilipouliza nani katoa siri, mtu huyo hakujitokeza, na Vaileth akavuliwa kazi ya kuhesabu. Sauti kwenye video aliijua. Alimngojea aseme mwenyewe, na kungoja huko kulimuuma kuliko kazi. Majira yaliyofuata alikwenda hivyo hivyo kila Jumamosi, akaandika sifuri.

Oktoba 2024 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Mtu yule alimletea mtori wa ndizi kila siku, akazungumzia foleni za barabarani. Irene akasema, “Mama, si um-forgive tu?”

“Nimeshasamehe,” akajibu. “Nataka aseme.”

Mstari huu ameuongeza Irene: alifariki nyumbani Laurel, Jumamosi, 11 Januari 2025, saa tatu asubuhi.

Ameacha mume, Dunstan, binti, Irene, mdogo wake Vumilia, aliyeko Moshi, na Godlisten, ambaye mnaisikia sauti yake sasa. Hapa marehemu ameacha mstari mtupu, ili Godlisten aseme ni nani aliyepeleka ile mashua. Akishindwa, ampe Irene karatasi.

.................................................

Akishasema, sote tuitikie: apumzike kwa amani.